Deni la vitunguu lililolala korokoroni

Karatasi yenyewe ni nusu ukurasa, imechanwa kwenye daftari la mistari. Imeandikwa kwa kalamu ya buluu, kwa mwandiko usio wa mdaiwa wala wa mdai. Chini yake pana sahihi ya mama mmoja mfanyabiashara na alama ya kidole gumba, kana kwamba sahihi peke yake haikutosha. Inasema kuwa anakiri kudaiwa shilingi 390,000, kwamba ametoa 100,000 siku hiyo, na kwamba zilizobaki atazimaliza kwa miezi miwili. Haina muhuri. Haisemi iliandikiwa wapi.

Siku mbili baadaye ililetwa mbele ya Mahakama ya Madai Madogo, hapa Kenya, kama ushahidi kwamba deni halina ubishi. Mwamuzi aliigeuza huku na huku, kisha akauliza iliandikiwa wapi. Hapo ndipo chumba kizima kilipojua kuwa iliandikwa kwenye kaunta ya kituo cha polisi, Jumapili asubuhi, na aliyetia sahihi alikuwa ametolewa seli dakika chache kabla, viatu vyake bado viko mkononi.

Nilikuwa nimeketi benchi la nyuma yake. Mimi ni msaidizi wa kisheria wa kujitolea, si wakili; kazi yangu ni kuwasaidia watu kujaza fomu na kupanga risiti. Kisa hiki nakieleza kwa idhini yake. Majina, soko na kituo nimeviacha nje.

Mama huyu hununua vitunguu kwa jumla akavisambaza kwa mikahawa, hoteli ndogo na shule mbili za bweni. Anayemletea huvitoa upande wa Tanzania kupitia mpakani. Kwa miaka minne walifanya biashara ya mali kauli: lori linafika, magunia yanahesabiwa, kila mmoja anaandika kwenye daftari lake, pesa zinafuata mzigo ukishauzwa. Hakukuwa na mkataba, na kusema kweli hakuna aliyeuhisi upungufu wake, kwa sababu mzigo ulikuwa unafika na pesa zilikuwa zinalipwa.

Mzigo wa ugomvi ulikuwa magunia 160, kila gunia shilingi 4,000, jumla 640,000. Njiani kulinyesha, turubai likapasuka, na magunia 38 ya chini yakafika yameloa. Vitunguu vikiloa ndani ya wavu havingoji: siku ya tatu vinatoa harufu, siku ya tano maji yake yanachafua magunia ya jirani. Alipiga picha siku hiyo hiyo akamtumia muuzaji kwa WhatsApp. Jibu alilopata lilikuwa la kibiashara kabisa: uza kwanza, dada, tutaongea. Akauza alichoweza. Akalipa 250,000 kwa M-Pesa, mara tatu. Kisha shule zikafungwa na hoteli moja ikachelewesha malipo, na yale mazungumzo ya magunia 38 hayakufanyika.

Kwa upande wa muuzaji hali haikuwa nyepesi. Mwenye lori alitaka chake, wakulima walitaka chao. Miezi mitatu ya kupigiwa simu na kuambiwa wiki ijayo inamchosha mtu yeyote. Alifanya jambo la haki: alikwenda Mahakama ya Madai Madogo akadai 390,000. Mahakama hizo zilianzishwa kwa sheria ya mwaka 2016, zinapokea madai yasiyozidi shilingi milioni moja, na sheria inataka shauri liishe ndani ya siku 60 tangu kufunguliwa. Huhitaji wakili, na kanuni kali za ushahidi hazitumiki. Mama alijibu kwa maandishi kwamba deni analikubali ila magunia 38 hayamhusu, kwa hiyo kwa hesabu yake anadaiwa 238,000. Kusikilizwa kukapangwa siku ya Jumanne. Tulikuwa siku ya 41.

Ijumaa iliyotangulia, saa nane mchana, alinipigia simu. Kaka, nimeitwa kituoni, wasema ni kuandikisha taarifa tu, dakika kumi. Nikamwambia aende, asiwakwepe polisi. Nilijua kuna kesi Jumanne, nilijua hana ugomvi na mtu mwingine yeyote duniani, na nilijua ni Ijumaa. Mambo hayo matatu nilikuwa nayo yote na sikuyaunganisha. Sikumwambia abebe nakala ya jibu lake la mahakamani, wala sikwenda naye. Ningekwenda, huenda pasingekuwa na kisa cha kuchambua.

Alifika saa kumi jioni. Aliambiwa anatuhumiwa kupata mali kwa njia ya udanganyifu. Alieleza kwamba jambo hilo liko mahakamani. Aliambiwa mahakama ni ya deni, hapa ni jinai. Wakachukua viatu, mkufu, na simu. Hiyo simu ndiyo iliyokuwa na picha za magunia na yale maneno ya uza kwanza, dada. Wakamwachia leso yake, akajitanda nayo usiku ule na uliofuata.

Kwa nini Ijumaa? Ibara ya 49 ya Katiba ya 2010 inataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani haraka, na isizidi saa 24. Lakini ibara hiyo hiyo inaongeza kuwa saa hizo zikiishia nje ya muda wa kazi wa mahakama, au siku isiyo ya kazi, basi mwisho ni kufungwa kwa siku ya mahakama inayofuata. Aliyekamatwa Jumatatu asubuhi ana Jumanne. Aliyekamatwa Ijumaa saa kumi ana Jumatatu jioni, na hesabu hiyo haivunji Katiba kwa herufi hata moja. Kifungu kiliwekwa kwa sababu ya kueleweka, maana mahakimu hawakai Jumapili. Mtu anayetaka kukitumia kama mwiba wa samaki, uingie kirahisi usitoke, hahitaji hila yoyote isipokuwa kalenda.

Jumamosi kaka yake alikwenda kituoni na chai kwenye chupa. Chai ilipita, yeye alibaki kwenye kaunta. Aliomba dhamana, na hiyo ni haki iliyoandikwa kwenye ibara ile ile. Jibu aliloletewa amelirudia mbele yangu zaidi ya mara moja, na halibadiliki: hatutaki kumpeleka mahakamani, tunataka mlipane, mlalamishi akiridhika anatoka sasa hivi. Naomba msomaji asimame hapa kidogo. Afisa aliyesema maneno hayo huenda aliamini kabisa kwamba anatenda wema. Hakuomba chochote cha mfukoni mwake, kwa kadiri ambavyo familia ilivyoniambia. Aliona mtu anadai na mwingine anadaiwa, akaona njia ya kumaliza mambo bila kesi. Lakini maneno yake yanakiri jambo zito: kwamba mtu amefungiwa si kwa ajili ya kushtakiwa, bali mpaka mtu mwingine, raia wa kawaida, aridhike. Ufunguo wa seli ulikuwa mfukoni mwa muuzaji aliyemletea vitunguu.

Zile 100,000 zilitoka kwenye chama chake cha akina mama wanaochangiana na kupokea kwa zamu, zamu ambayo haikuwa yake. Zilihesabiwa Jumapili juu ya kaunta, noti za elfu, na muuzaji akazitia kwenye mfuko wa shati. Kisha ile karatasi. Kwenye kitabu cha matukio, OB, hapakuandikwa kwamba pesa zimetoka mkono huu kwenda mkono ule. Paliandikwa kuwa ameachiliwa, uchunguzi unaendelea.

Sasa tuangalie tuhuma yenyewe. Kifungu cha 313 cha Kanuni ya Adhabu kinampeleka gerezani hadi miaka mitatu mtu anayepata mali kwa njia za udanganyifu. Kifungu cha 312 kinasema udanganyifu huo ni nini: ni kumwambia mtu jambo kana kwamba ni kweli, jambo lililopita au lililopo, ilhali si kweli na msemaji anajua si kweli. Mahakama ya Rufani ilishasema tangu 1989 kuwa ahadi ya jambo lijalo haiwezi kubeba kosa hili. Jumanne, mwamuzi alimuuliza muuzaji aliwaambia nini polisi. Alijibu bila kusita: niliwaambia alichukua vitunguu vyangu akaniambia atanilipa baada ya wiki mbili.

Atanilipa. Lugha yetu inayo mizani ya jambo hili ndani ya kitenzi. Kama mama angesema hoteli fulani imenipa oda ya magunia mia, na oda hiyo haipo, huo ni uongo wa -me-. Angesema nina pesa benki, na hana, huo ni uongo wa -na-. Hayo polisi wanayo haki ya kuyafuata, na wanapaswa. Lakini atanilipa ni -ta-, na -ta- ikivunjika ni deni. Mlalamishi, kwa kinywa chake na bila kujua, alikuwa ametoa maelezo yanayomsafisha mtuhumiwa, na maelezo hayo ndiyo yaliyomlaza ndani siku mbili. Hakuna aliyehitaji kuwa mwanasheria kulitambua hilo kwenye kaunta. Ilitosha kumsikiliza mlalamishi mpaka mwisho wa sentensi.

Hoja ambayo polisi hupenda kuitoa, na ina msingi, ni kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa makosa ya jinai. Kinasema kuwepo kwa kesi ya madai hakuzuii kesi ya jinai kuhusu jambo lilelile. Ni kweli, na ni vyema kiwe hivyo, la sivyo kila tapeli angekimbilia kufungua kesi ya madai ili ajifiche nyuma yake. Ila kifungu hicho kinazungumzia mashauri mawili yanayokwenda sambamba, kila moja likitafuta jibu lake. Hakimpi mtu ruhusa ya kutumia moja kama rungu la kushindia jingine. Mwaka 2013, katika shauri la Kamishna wa Polisi dhidi ya Kenya Commercial Bank, Mahakama ya Rufani ilikitaja kifungu hichohicho, ikakubali kuwa kuchunguza uhalifu ni kazi ya polisi, kisha ikasema kwa ukali kwamba si kwa maslahi ya umma kuifanya jinai kuwa kete katika mgogoro wa madai, na kwamba ni kuidhihaki haki polisi kujiingiza kusuluhisha jambo ambalo ni la madai matupu na liko mbele ya mahakama. Uamuzi huo umekuwa ukinukuliwa tangu hapo na kila wakili anayeomba mashtaka ya aina hii yasimamishwe.

Nauheshimu sana uamuzi ule. Lakini nikiuweka kando ya ile karatasi ya daftari, naona pengo ambalo haliuzibi. Aliyekingwa kule alikuwa benki. Benki ina mawakili, ikapewa muda wa kwenda Mahakama Kuu kabla ya mtu wake yeyote kulala sakafuni. Na kinga zote tulizonazo zimejengwa kwa kudhani kuwa polisi wanaelekea kushtaki: Ibara ya 157 inamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma aepushe matumizi mabaya ya mchakato wa sheria, Mahakama Kuu inaweza kusimamisha mashtaka, hakimu anaweza kuuliza maswali. Katika kisa hiki hapakuwahi kuwa na mashtaka. Hakuna mwendesha mashtaka aliyeliona faili. Kukamatwa hakukuwa mwanzo wa kesi, kulikuwa ndiyo kesi nzima, na hukumu yake ilikuwa 100,000 na sahihi. Jumatatu, siku ambayo hakimu wa kwanza angeweza kuuliza swali, mama alikuwa sokoni kwake, amechoka, anapanga nyanya kwa sababu hakuwa na mtaji wa vitunguu.

Linganisha na anachoweza kufanya mdai aliyeshinda kihalali. Hata mwenye hukumu mkononi hawezi kumfunga mdaiwa wake hivi hivi. Sheria ya mwenendo wa madai inataka mdaiwa aitwe kwanza ajieleze, na mahakama iridhike kuwa anataka kutoroka, au ana uwezo wa kulipa na anakataa. Mkataba wa kimataifa wa haki za kiraia na kisiasa, ambao Kenya iliingia mwaka 1972, unakataza mtu kufungwa kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mkataba. Mwaka 2010 Martha Koome, akiwa bado Jaji wa Mahakama Kuu kabla ya kuwa Jaji Mkuu, aliutumia kumtoa mdaiwa kwenye kifungo cha madai. Miaka miwili baadaye Mahakama Kuu ikafafanua kuwa kifungo hicho bado kipo, ila kwa utaratibu huo mkali tu. Kwa hiyo jambo ambalo jaji mwenye joho hawezi kulifanya bila notisi na bila ushahidi, lilifanyika Ijumaa saa kumi jioni kabla deni halijahesabiwa na mtu yeyote.

Nirudi Jumanne. Muuzaji aliiweka karatasi mezani kwa kujiamini, na sidhani alikuwa na nia mbaya. Kwake yeye mtu amekiri mbele ya serikali, basi. Mwamuzi alimuuliza mama kama sahihi ni yake. Akasema ndiyo. Kidole? Ndiyo. Kwa nini ulitia? Alinyamaza muda mrefu, kisha akasema: nilitaka kwenda kuoga.

Sheria ya Ushahidi, kifungu cha 25A, haikubali kukiri kwa mtuhumiwa kutumike dhidi yake kwenye kesi ya jinai mpaka kuwe mbele ya jaji, hakimu, au afisa wa polisi mwenye cheo kilichotajwa na sheria ambaye si mpelelezi wa kesi hiyo, pamoja na mtu wa tatu ambaye mtuhumiwa amemchagua mwenyewe. Karatasi ya daftari haikuwa na lolote kati ya hayo. Isingeruhusiwa hata kuvuka mlango wa mahakama ya jinai ambayo ilidaiwa kuandikwa kwa ajili yake, lakini ililetwa kwenye mahakama ya madai ambako kanuni za ushahidi ni legevu. Ulegevu ule uliwekwa ili mwuza samaki aweze kuleta daftari lake lenye madoa ya mafuta na likapokelewa. Karibu utumike kupitishia karatasi ya korokoroni.

Mwamuzi hakuipa uzito. Alisema makubaliano yaliyotiwa sahihi na mtu aliye kizuizini, juu ya jambo ambalo mahakama imeshaitwa kuliamua, hayawezi kumfunga. Alizikubali zile 100,000 kama malipo yaliyofanyika. Kisha akaingia kwenye vitunguu, na hapo ndipo saa nzima ilipokwenda, kama ilivyostahili. Picha zilifunguliwa kwenye simu. Magunia yaliyoonekana wazi yameloa yalikuwa 30; manane yaliyobaki mama hakuweza kuyathibitisha. Muuzaji alikubali kuwa turubai lilipasuka kabla ya mzigo kushushwa. Magunia 30 kwa 4,000 ni 120,000. Ukiziondoa kwenye 390,000 zinabaki 270,000, na ukiondoa 100,000 zinabaki 170,000. Akaamuru zilipwe kwa awamu nne za 42,500.

Ile hesabu ilichukua asubuhi moja. Polisi hawangeweza kuifanya hata wangetaka, kwa sababu kwenye kaunta hakuna aliyeuliza kuhusu turubai. Kule deni lilikuwa namba moja tu, ile aliyokuja nayo mlalamishi. Kama mama angekuwa na akiba, au chama chake kingekuwa kikubwa zaidi, angelipa 390,000 Jumapili ile, na magunia 30 yaliyooza yangekuwa yake milele. Hili ndilo linalonikera kuliko hata zile siku mbili za sakafuni. Watu husema polisi husaidia mtu kupata haki yake haraka. Haki ya muuzaji huyu ilikuwa 270,000. Kituoni alikuwa njiani kupata 120,000 zisizo zake, na hata yeye mwenyewe hakujua.

Tulipotoka nje nilimuuliza muuzaji, kwa upole, kwa nini alikwenda kituoni ilhali zilibaki siku nne tu. Alinijibu kwamba jamaa zake walimwambia hukumu ni karatasi: ukishashinda unaanza kutafuta dalali wa mahakama, unamlipa, anakwenda anakuta duka limefungwa. Nilikosa jibu zuri, maana ameona watu wenye hukumu za miaka mitatu kwenye mifuko ya nailoni. Sheria imeweka siku 60 za kuamua, haikuweka siku za kukusanya, na kwenye pengo hilo kituo cha polisi kinaonekana kama dirisha la malipo. Akaongeza kwamba kituoni nako kulimgharimu, mafuta ya gari na chai, lakini hakutaja kiasi na sikumlazimisha.

Mama alikataa kulalamika kwa IPOA, mamlaka inayosimamia mwenendo wa polisi. Nilimshawishi mara moja, sikurudia. Askari wa kituo kile hupita sokoni kila siku, na baadhi yao hununua kwake. Alichokubali ni barua. Tuliiandika kwa mkono, aya tatu: namba ya OB, namba ya kesi ya madai na tarehe ya uamuzi wake, na ombi moja kwamba mkuu wa kituo aandike kwenye kitabu kuwa uchunguzi umefungwa. Safari hii nilikwenda naye, asubuhi ya Jumatatu. Nakala yetu iligongwa muhuri wa kupokelewa.

Awamu ya nne aliituma mwezi wa nne, siku mbili kabla ya tarehe. Muuzaji sasa humshushia mzigo jirani yake, meza tatu kutoka kwake, na lori likifika wanasalimiana. Barua haijajibiwa. Nakala yenye muhuri anaiweka kwenye kopo la maziwa ya unga chini ya meza, pamoja na taarifa za M-Pesa na ile nusu ukurasa ya daftari, ambayo mwamuzi alimrudishia. Kwenye OB, uchunguzi bado unaendelea.